Umbo au uamilifu: uchague mkabala gani wa sarufi kwa tasnifu yako?

Msimu wa kuandika mapendekezo ya utafiti ukifika, swali huwa lile lile: "Sura ya nadharia niweke nini?" Anayeuliza mara nyingi ana mada tayari, tena nzuri: Kiswahili cha wachuuzi wa samaki, viambishi vya Kisukuma, mpangilio wa maneno katika Kikerewe. Kinachomkwamisha ni kambi mbili ambazo kila moja inazungumza kana kwamba nyingine haipo. Ya kwanza huanza na umbo: sentensi imejengwaje, kanuni gani zinaruhusu mpangilio huu na kukataa ule. Wapo wanaouita mkabala rasmi. Ya pili huanza na kazi: msemaji anafanya nini na sentensi hiyo, na kwa nini ameipanga hivyo kwa msikilizaji huyu. Huo ndio uamilifu.

Zote mbili ulishazionja sekondari bila kuambiwa. Ile S = KN + KT (sentensi ni kirai nomino na kirai kitenzi) uliyoichora kwa njia ya matawi ni mjukuu wa kazi iliyoanza kuvuma baada ya kitabu cha mwanaisimu Noam Chomsky cha mwaka 1957. Na ulipofundishwa rejesta za sokoni, hotelini na mahakamani, ulikuwa upande wa pili, maana dhana ya rejesta imepaliliwa sana na mwanaisimu Michael Halliday na wafuasi wake. Kwa hiyo usiogope majina. Tuzipime kwa data ya hapa Mwanza, kando ya Ziwa Victoria.

Mistari minne ya mwaloni

Chukua mazungumzo ya aina hii, ambayo asubuhi yoyote unaweza kuyasikia Mwaloni, soko la samaki la Kirumba (Ukerewe na Ukara ni visiwa vya ziwa hili):

— Shikamoo mama. Dagaa wa Ukerewe wapo?
— Marahaba mwanangu. Wa Ukerewe wameisha jana. Hapa kuna wa Ukara, wa kichanja. Hawa nimewachambua mwenyewe, hawana mchanga.
— Debe unaliuza ngapi?
— Bei ya juzi, haijapanda. Ukichukua gunia tunaongea.

Mtu wa umbo ataruka salamu zote na kutua kwenye mstari wa tatu. Ataugeuza: *Unauza debe ngapi?* Sasa sentensi ina maana mbili. Mchuuzi anaweza kujibu kwa kutaja bei, au akajibu kwamba leo anauza matano tu. Kwa nini? Kwa sababu *ngapi* ina nafasi mbili za kukaa. Inaweza kuwa ndani ya kirai nomino pamoja na *debe*, ikiuliza idadi (sarufi sanifu ingetaka *madebe mangapi*, lakini sokoni vipimo huhesabiwa hivyo hivyo, debe ngapi, kilo ngapi). Au inaweza kuwa nje ya kirai hicho, ikiuliza bei. Ukilihamisha *debe* mwanzoni na kuacha *ngapi* nyuma ya kitenzi, maana ya idadi inakufa, kwa kuwa wale wawili hawako tena kwenye kirai kimoja. Chora matawi mawili na tofauti inaonekana kwa macho. Hukuhitaji kujua mchuuzi ni nani, wala bei ya juzi ilikuwa kiasi gani.

Kisha atakishika kile *-li-* cha *unaliuza* na *-wa-* cha *nimewachambua*, na hapa ndipo mkabala wa umbo unapokuwa mtamu kweli. Je, kiambishi cha yambwa (kile kinachotendwa) ni kiwakilishi, yaani chenyewe ndiyo yambwa, au ni alama ya upatanisho tu, kama kiambishi cha kiima (yule anayetenda)? Mwaka 1987 wanaisimu Joan Bresnan na Sam Mchombo waliuliza swali hilo kwa Kichewa cha Malawi. Walionyesha kwamba pasipo kiambishi, nomino ya yambwa lazima ikifuate kitenzi papo hapo. Kiambishi kikiwepo, nomino ile inakuwa huru kuhama huku na huku. Hitimisho lao: katika Kichewa kiambishi ndicho yambwa yenyewe, na nomino iliyo pembeni ni mada iliyokaa nje ya kirai kitenzi.

Jaribu kipimo hicho kwa Kiswahili. *Umemwona nani?* ni sentensi ya kawaida kabisa, na *Sijamwona mtu yeyote* vilevile. Kama *-mw-* ingekuwa kiwakilishi kamili, ingekuwa inamwakilisha nani, ikiwa anayeulizwa hajulikani? Kwa hiyo kwa binadamu kiambishi chetu kinaelekea zaidi upande wa upatanisho. Ukisema *Nimeona mtoto*, wengi watakutazama kidogo. Lakini *Nimenunua dagaa* haimshtui mtu, ingawa dagaa naye ana upatanisho wa viumbe hai, *wameisha*, *hawana*. *Nimewanunua dagaa* ipo pia, ila hapo ni dagaa tunaowajua, wale tuliowaongelea. Hivyo uhai peke yake hautoshi kueleza mambo. Una swali la tasnifu hapo, na hujaenda hata kwenye mstari wa nne.

Mistari ile ile, jicho jingine

Mtu wa uamilifu hataruka salamu. *Shikamoo*, *marahaba*, *mwanangu*: kabla ya dagaa kutajwa, wawili hawa wameshapanga nani mkubwa na nani mdogo, na mama amempa mteja nafasi ya mwana. Halliday, ambaye kitabu chake cha utangulizi wa sarufi amilifu kilitoka mwaka 1985, anasema kila kishazi kinabeba dhima tatu kwa mpigo: kinaeleza jambo la ulimwengu, kinajenga uhusiano baina ya wasemaji, na kinajipanga kama sehemu ya matini. *Ukichukua gunia tunaongea* ni mfano mzuri wa hiyo ya pili. Kwa umbo ni sharti na matokeo yake. Kwa kazi ni ahadi ya kupunguza bei ambayo mama hajaitamka, na kesho hakuna wa kumshika kwayo. Mkabala wa umbo, kusema kweli, hauna cha kukwambia kuhusu hilo, wala haukudai kuwa nacho.

Kisha atafuata habari inavyotembea. *Wa Ukerewe wameisha*: jina dagaa limedondoshwa kwa kuwa bado liko masikioni. *Hapa kuna wa Ukara*: kitu kipya kinaingizwa, na Kiswahili kinapenda kukiingiza hivyo, mahali mbele na kitu nyuma, kama katika *Mwaloni kumefika mitumbwi*. Mtu wa umbo angekwambia kwamba *ku-* inapatana na *mwaloni*, kwa hiyo mahali ndipo palipochukua nafasi ya kiima, na angekuwa sahihi. Wa uamilifu anauliza kwa nini msemaji ajisumbue hivyo wakati *Mitumbwi imefika mwaloni* ipo. Jibu lake: sentensi hii ya pili inafaa zaidi pale mitumbwi inapokuwa inasubiriwa, ile ya kwanza inaleta habari ambayo msikilizaji hakuwa nayo. Halafu *hawa nimewachambua*: wa Ukara sasa wamezoeleka, wana *hawa*, wana *-wa-*. Na *gunia* la mwisho halina kiambishi, kwa sababu si gunia fulani. Ni wazo tu ambalo mama amelitupa hewani.

Umeona kwamba mikabala yote miwili imeishia kwenye kiambishi kile kile. Mwaka 1976 Talmy Givón alidai kwamba upatanisho wa vitenzi huzaliwa na viwakilishi vya mada: watu husema "yule mtoto, nimemwona" mara nyingi kiasi kwamba baada ya vizazi kituo kinapotea na kiwakilishi kinageuka upatanisho. Ukiisoma hoja hiyo pamoja na ya Bresnan na Mchombo, unaona Kichewa na Kiswahili kama vituo viwili vya safari moja. Binafsi sijui mahali pengine ambapo kambi hizi mbili zinafaana kiasi hiki, na ni bahati kwamba lugha zilizozikutanisha ni za kwetu, za Kibantu.

Nini kitakuonyesha kwamba umekosea?

Watu hulinganisha mikabala hii kwa orodha: huu unajali umilisi (anachokijua msemaji kuhusu lugha yake), ule utendi (anavyoitumia), huu Marekani, ule Ulaya na Australia. Orodha hizo hazimsaidii mtu kuchagua. Swali linalosaidia ni moja: ukiwa umekosea, nani atakwambia?

Kwenye umbo, sentensi moja inatosha. Umeandika kanuni kwamba kiambishi cha yambwa ni lazima kwa kila nomino yenye uhai. Anatokea mtu na *Nimenunua dagaa*, na kanuni imeanguka. Inauma, lakini ni nafuu, kwa sababu unajua mapema na unarekebisha. Hatari ya upande huu ni nyingine. Mwanafunzi hujifungia chumbani, akatunga sentensi zake, akaziwekea yeye mwenyewe kinyota, ile alama ya sentensi isiyokubalika, akatangaza kwamba "wazungumzaji wa Kiswahili" hawasemi hivi. Wazungumzaji gani? Mwanza hii ina watu waliokulia Kisukuma nyumbani na Kiswahili shuleni, waliozaliwa na Kiswahili tangu mwanzo, na wenye Kijita, Kihaya na Dholuo. Kuhusu *dagaa wamepanda bei* na *dagaa zimepanda bei*, utapata majibu tofauti kwenye meza moja ya chai. Kwa hiyo waulize wengi, andika nani kasema nini, na usichanganye Kiswahili sanifu na cha mtaani kwenye jedwali moja.

Kwenye uamilifu hatari ni mduara, na nimeisoma kwenye rasimu nyingi mno: "Msemaji ameiweka nomino mbele kwa sababu ni mada. Tunajua ni mada kwa sababu iko mbele." Hapo hakuna kilichoelezwa, na hakuna sentensi duniani inayoweza kukukosoa. Dawa yake ipo tangu miaka ya 1980, na ni kuhesabu. Givón na wenzake walipendekeza kipimo cha umbali: kwa kila nomino, rudi nyuma uhesabu vishazi hadi pale ilipotajwa mara ya mwisho, ukomo ukiwa 20. Sasa "mada" ina namba isiyotegemea mahali nomino ilipokaa. Ukikuta nomino zenye kiambishi cha yambwa zina umbali mdogo kuliko zisizo nacho, una hoja. Ukikuta hazitofautiani, dai lako limeanguka kwa heshima.

Kuna mtego mwingine wa Halliday ambao vitabu vingi haviutaji kwa kuwa vimeandikwa kwa mifano ya Kiingereza. Kwake kianzio cha kishazi, kile ambacho habari inaanzia, hutambuliwa kwa kuwa mbele. Kiswahili je? *Nimewachambua mwenyewe* inaanza na kiambishi *ni-*. Hicho ndicho kianzio? Au kitenzi kizima? Au hakuna, kwa kuwa nomino imedondoshwa? Ukiubeba mfumo wa Halliday mzimamzima bila kujibu hilo, mtahini atakuuliza siku ya utetezi, na atakuwa na haki.

Data unayoweza kuipata kweli

Uamilifu unakula sauti. Unahitaji mazungumzo halisi au hadithi, zimerekodiwa kwa ridhaa ya wahusika na kunukuliwa neno kwa neno, vituo na kusitasita vikiwemo. Mwaloni kuna upepo, injini za mitumbwi na wabeba mizigo wanaopaza "pisha, pisha!", kwa hiyo rekodi kibandani na si ufukweni. Saa moja ya sauti usishangae ikila siku nzima ya kunukuu. Ukiona muda hautoshi, ipo hazina ya matini ya Kiswahili iliyojengwa Helsinki na Arvi Hurskainen na wenzake, lakini humo magazeti na vitabu ndivyo vingi. Sauti ya mchuuzi hutaipata.

Umbo linakula maswali yaliyopangwa vizuri na subira ya watoa taarifa. Hapa ndipo ninapoona kanda hii ina utajiri ambao haujachimbwa ipasavyo. Mfano mmoja tu. *Mama alimnunulia mtoto viatu* ina yambwa mbili. Ukiibadili iwe ya kutendwa, Kiswahili kinakubali *Mtoto alinunuliwa viatu*, lakini *Viatu vilinunuliwa mtoto* kinaikataa. Mwaka 1990 Bresnan na Lioba Moshi walilinganisha lugha za Kibantu kwa kipimo hiki, wakaonyesha kwamba zipo za namna ya Kichewa, ambako yambwa moja tu ndiyo yenye haki hizo, na zipo za namna ya Kichaga, ambako zote mbili zinazo. Je, Kikerewe? Kijita? Kizinza? Kikara? Hilo ni swali ambalo mwanafunzi mwenye bibi Ukerewe anaweza kulifanyia kazi likizo moja, na jibu lake likasomwa mbali. Kwa Kisukuma una pa kuanzia pazuri zaidi, kwa kuwa Herman Batibo alichapisha maelezo ya fonolojia na mofolojia yake mwaka 1985, kwa Kifaransa. Angalizo moja: toni, yaani kupanda na kushuka kwa sauti kunakoweza kubadili maana. Kisukuma bila alama za toni ni nusu ya data, hata kama unachunguza sintaksia.

Kwa Dholuo ya pande za Mara, ambayo si ya Kibantu, vipimo hivyo vya ngeli na viambishi havihamii kirahisi. Hapo ningependelea uamilifu: hadithi za wazee, na jinsi mhusika mpya anavyoingizwa na kufuatiliwa.

Usidanganyike na majina

Rafuni utakuta Sarufi Leksia Amilifu, iliyozinduliwa na Bresnan na Ronald Kaplan mwaka 1982. Ina neno "amilifu", lakini ni ya umbo kutoka kichwani hadi miguuni. Uamilifu wanaousema ni ule wa kiima na yambwa, si wa mawasiliano. Kinyume chake, Sarufi Amilifu ya Simon Dik wa Amsterdam, ya mwaka 1978, imejaa alama na fomula hadi unaweza kudhani ni ya Chomsky, kumbe nia yake ni mawasiliano.

Na ukichagua Chomsky, sema yupi. Wa 1965, aliyetenganisha umilisi na utendi, si wa 1981, na wa 1981 si wa 1995. Nimeona tasnifu iliyoanza na kanuni geuzi za miaka ya sitini ikamalizia na Programu ya Uchache, yaani ya huyo wa 1995, bila kupiga hodi. Kwa lugha yenye viambishi vingi kama yetu, ningekushauri Sarufi Leksia Amilifu kuliko toleo lolote la Chomsky, kwa sababu ya kazi ambazo tayari zimefanywa kwa Kibantu na kwa sababu haikulazimishi kuhamisha kila kitu kwenye mti.

Kwa hiyo?

Ukiwa mwalimu, au unataka kuwa, na kinachokuwasha ni kwa nini insha za wanafunzi hazishikamani au kwa nini tangazo linashawishi, nenda kwa Halliday bila kusita. Ukitaka kulinganisha lugha mbili za ziwa, au kuna siku unataka kufanya kazi ya programu za kusahihisha tahajia na kutafsiri, nenda kwenye umbo. *Tunaongea* ya yule mama ni vigumu kuiandikia kompyuta kanuni, lakini ya *-li-* unaweza kuifundisha. Ukiwa na mazungumzo ya mwaloni mkononi na miezi michache tu, maoni yangu ni uamilifu wenye kuhesabu, lakini siku za mwanzo zitumie kwenye vipimo vya umbo: geuza sentensi, hamisha nomino, ondoa kiambishi, uone kinachobaki. Bila hilo utahesabu vitu ambavyo hujajua ni nini.

"Nitatumia zote mbili" inakubalika pale tu kila mkabala unapokuwa na swali lake lenye namba yake kwenye pendekezo. Vinginevyo mshika mawili moja humponyoka, na kwa kawaida linaloponyoka ni uchambuzi wenyewe, maana kurasa zote zimeliwa na historia ya nadharia.

Na kabla ya yote hayo, muulize msimamizi wako amesoma nini na amesimamia nini. Mtaalamu wa uchambuzi wa matini atakusaidia kidogo sana kwenye yambwa mbili za Kijita, hata awe na moyo mwema kiasi gani. Kama mmegundua hamwendani, badilisheni swali la utafiti au badilisheni msimamizi wakati bado hujavuka kwenda Ukerewe na kinasa sauti.